Nikicheza Peke Yangu, Nani Ataitikia?

Kati ya mwaka 1967 na 1968 msanii wa Marekani, Bruce Nauman, alitengeneza filamu nne fupi ambazo ndani yake hafanyi kingine ila kujipaka rangi. Amekaa kifua wazi mbele ya kamera. Anajipaka nyeupe usoni, shingoni, kifuani na mikononi. Kisha pinki juu ya nyeupe, kijani juu ya pinki, na mwisho nyeusi juu ya zote. Kila filamu ina dakika kama kumi hivi. Hasemi neno, hachezi, hakuna kisa.

Tuliitazama kwenye laptop hapa Bagamoyo, wasanii kadhaa tumebanana mkekani. Mwenzetu mmoja, kaka yetu katika fani na mtu aliyecheza majukwaa mengi kuliko sisi, alitulia mpaka rangi ya tatu ndipo akasema: "Huyu bado yuko nyuma ya jukwaa, anajipamba. Mbona hatoki?"

Wapo waliodhani hajaelewa. Mimi naona hakuna aliyeielewa kazi ile kumzidi. Nauman ameyafanya maandalizi kuwa ndiyo onyesho. Ile saa ambayo msanii huwa hapendi kuonekana, saa ya kuacha kuwa yeye na kuanza kuwa mwingine, ndiyo aliyoianika mbele ya macho ya watu, akakataa kwenda mbele zaidi ya hapo. Lakini swali la kaka lina upande wa pili, na huo ndio ulionikaa: kama hatoki, sisi tuliokuja kutazama tumeitwa kufanya nini?

Kwa ambaye hajakutana na kazi za namna hii, nieleze kidogo. Sanaa ya video ilipata nguvu mwishoni mwa miaka ya 1960, Sony walipoingiza sokoni kamera ya video ambayo mtu mmoja aliweza kuibeba begani, wakaiita Portapak. Filamu lazima ipelekwe ikasafishwe ndipo uone ulichopiga. Video ukiiunganisha na televisheni unajiona hapo hapo: unainua mkono, na kwenye kioo mkono unainuka. Wasanii waliokuwa wakitumia miili yao kama zana ya kazi waliikimbilia. Mkorea Nam June Paik, ambaye tangu maonyesho yake ya mwaka 1963 mjini Wuppertal, Ujerumani, alikuwa ameshaanza kuzichokonoa televisheni, ndiye hutajwa kama baba wa fani. Namheshimu, ila ninayemrudia kila mara ni mwanamke: Joan Jonas.

Jonas ni mzaliwa wa New York. Portapak yake aliinunua Japani mwaka 1970, katika safari iliyomkutanisha pia na michezo ya Noh, inayochezwa kwa vinyago na kwa mwendo wa taratibu mno. Baadaye akajiundia mtu mwingine ndani yake, akamwita Organic Honey, akamvisha kinyago cha plastiki chenye sura ya mwanamke mrembo, pamoja na manyoya na nguo za kumetameta, akawa anacheza mbele ya kamera huku akijitazama. Katika kazi yake ya 1972, Vertical Roll, aliivuruga picha makusudi: picha inateleza wima bila kukoma, na kila inapojirudia unapita mstari mweusi. Sisi tuliokulia na TV za chogo tunaijua picha hiyo. Ndiyo iliyomfanya mtu ainuke kitini akaipige TV kofi la ubavuni. Jonas hakuirekebisha. Alichukua kijiko akawa anagonga kwa kuufuata ule mstari. Akaruka, miguu yake ikaonekana kama inauruka. Akapeleka viganja, vikaonekana kama vinakutana nao. Takriban dakika ishirini ni hivyo tu.

Kwa mtu wa ngoma, kazi hiyo haihitaji mkalimani. Kasoro ya mashine imegeuzwa mapigo, na mapigo yakishaanza mwili hauna ubishi. Kila nikiitazama namwona mchezaji aliyekosa mpigaji, akaikabidhi televisheni mbovu impigie.

Nasikia mara kwa mara kwamba haya ni mambo ya Wazungu, kwamba sisi hatuna desturi ya mtu kujigeuza mwingine hadharani na kuwaachia watu swali la yeye ni nani. Anayesema hivyo hajaulizia habari za beni. Ngoma ya beni ilichipuka upande wa Lamu na Mombasa mwishoni mwa karne ya 19, ikashuka hadi kwetu Tanga na miji mingine ya Mrima. Ilikuwa na tarumbeta, ngoma kubwa, gwaride, sare na vyeo. Mtu aliyeshinda anabeba magunia, jioni alikuwa jenerali, na wenzake wakampigia saluti wasiyoipiga kwa mzaha. Vyama viwili vikubwa vilikuwa Marini na Arinoti. Marini walijihesabu watu wa mjini, waungwana wa pwani. Arinoti ndiko walikojaa wageni kutoka bara na watu wa kazi ngumu. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza askari wa jeshi la Wajerumani wakaibeba beni kwenda nayo bara, na watawala wa Kiingereza waliofuata wakawa wanaitazama kwa jicho la wasiwasi. Wangejuaje kama wanatukuzwa au wanachezwa shere?

Na beni haikufa bila kuacha kizazi. Utazame mganda, ngoma ya ukanda wa Ziwa Nyasa. Wachezaji wako kwenye mistari iliyonyooka, nguo nyeupe, hatua za kupimwa, migongo iliyosimama wima. Ni gwaride lililopita katika miili ya watu waliowahi kuwa askari, likarudi kijijini, likapata ngoma yake na nyimbo zake, likawa mila. Leo mzee wa Mbamba Bay akikwambia mganda ni wa babu zake anasema kweli tupu. Afisa wa Kizungu aliyeigwa mwanzoni ameshazama kabisa chini ya rangi zilizofuata.

Sasa ongeza tabaka jingine, la Bagamoyo. Mwaka 1962 Mwalimu Nyerere aliunda Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana. Baadaye kikawapo kikundi cha taifa cha ngoma, kilichokusanya wachezaji kutoka makabila mbalimbali. Mwaka 1981 kikaanzishwa Chuo cha Sanaa hapa Bagamoyo, ambacho tangu 2007 ni TaSUBa, yaani Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo. Mzee Hukwe Zawose, Mgogo wa Dodoma, aliishi na kupiga zeze na ilimba hapa hapa pwani mpaka alipofariki mwaka 2003. Mji huu umezoea mtu wa bara kucheza ngoma ya pwani na mtu wa pwani kucheza ya bara. Mimi ni Mbondei wa Muheza. Nimefundishwa sindimba ya Wamakonde, bugobogobo ya Wasukuma yenye majembe, lizombe ya Wangoni, na mganda. Hakuna hata moja niliyozaliwa nayo. Zote nimezipokea kwa jasho, mwalimu akiwa amesimama pembeni anapiga kelele, "Kiuno! Mabega yatulie, kiuno!"

Kwa hiyo nikiulizwa utambulisho wangu uko wapi, siwezi kumpeleka mtu kwenye mti wa ukoo nikamalizia hapo. Sehemu kubwa iko magotini na nyongani, nimewekewa na walimu ambao nao waliwekewa na wengine. Sioni haya kwa hilo, wala sioni kwamba ngoma hizo ni za kuazima. Kilichonivuta kwenye video ni kutaka kuona tabaka hizo zikiwa pamoja, maana jukwaani zinapita moja baada ya nyingine, na watazamaji wanapiga makofi kila moja inapokwisha.

Kazi yenyewe niliipiga kwa simu. Niliiegemeza juu ya stuli katikati ya matofali mawili, kwa sababu stendi ilikuwa inatikiswa na upepo wa bahari. Sakafuni nikachora alama mbili za chokaa ambapo nyayo zangu zingekaa kila ninapoanza. Nyuma yangu ukuta mtupu. Nikacheza mganda kwa kaptula nyeupe na shati jeupe, bugobogobo na jembe langu, kisha sindimba na kaniki niliyoifunga kiunoni. Ngoma hakuna, manyanga hakuna, muziki hakuna. Wakati wa kuhariri nikazipandanisha zote tatu, kila moja nikaipunguza nguvu ili iliyo chini ionekane. Sauti nikaitoa yote.

Nilitazamia vurugu, lakini miguu ilielewana. Pale juu ya zile alama za chokaa, nyayo za ngoma tatu zilikanyagana kana kwamba ni ngoma moja. Kifua cha gwaride kilikaa juu ya kiuno cha sindimba na vyote viwili vikawezekana. Kilichokataa ni macho. Katika mganda mchezaji anatazama mbali, juu ya vichwa vya watu, kama askari. Katika bugobogobo macho yanashuka, yanalifuata jembe. Katika sindimba macho yanamtafuta mpiga ngoma, kwa kuwa ndiye anayekuambia lini ubadilishe. Uso ule mmoja kwenye video una jozi tatu za macho, kila jozi inamtazama mtu tofauti, na hakuna hata mmoja kati yao anayeonekana. Nilikaa na picha hiyo muda mrefu. Nilikuwa nikiamini kila ngoma inamfanya mtu kuwa mwingine kwa jinsi anavyotikisa mwili. Sasa naamini inamfanya mwingine kwa kumpa mtu wa kumtazama.

Tuliionyesha uani kwetu, mtaani Dunda, kwa projekta ya kuazima na shuka jeupe lililotundikwa kwenye kamba ya kuanikia nguo. Walikuja wasanii, majirani, watoto wengi. Vijana wakaipokea vizuri kwa namna ya vijana, simu juu, wanairekodi video kwa video. Kina mama walikuwa kimya. Ndipo bi mkubwa mmoja wa nyumba ya pili akaniuliza bila kugeuka: "Mwanangu, mbona unacheza kama uliyesusiwa? Hapana anayekuitikia?"

Nikamjibu, "Hapana, mama. Niko peke yangu."

Akainuka. Akafungua pindo la kanga, akatoa noti ya shilingi elfu moja, akalisogelea shuka ili anitunze pale kwenye paji la uso, kama anavyotunzwa mwimbaji wa taarabu. Picha ikasogea, noti ikaanguka. Akaiokota, akanitunza tena kifuani, ikaanguka tena. Alipogeuka, taa ya projekta ikawa inampiga yeye mzima: kaptula yangu nyeupe juu ya kanga yake, jembe langu linapita shavuni kwake. Wanawake wakapiga vigelegele. Yeye akaanza kucheza mwendo wa kwao, Kizaramo, na mmoja akaanzisha wimbo ili mama wa watu asicheze bure. Video ikafika mwisho, projekta ikabaki na mwanga wa bluu, nao wakaendelea kucheza ndani ya bluu hiyo.

Tangu usiku ule nazisoma upya kazi za wale walionitangulia. Rosalind Krauss, mhakiki wa Marekani, aliandika mwaka 1976 kwamba kiini cha sanaa ya video ni mtu kujipenda mwenyewe: msanii amekaa katikati ya kamera na kioo kinachomrudishia sura yake, na ulimwengu umefungiwa nje. Alimtolea mfano Vito Acconci, ambaye mwaka 1971 alijirekodi akinyoosha kidole katikati ya kioo kilichokuwa kikimwonyesha yeye mwenyewe, mpaka mkono ukachoka. Hoja ya Krauss ni nzito, na kwa chumba chenye mtu mmoja na mlango uliofungwa naikubali. Lakini sisi tunaotazama kazi ile tunaona kidole kimetuelekea. Acconci anajinyooshea yeye, mtazamaji ndiye anayeshtuka. Kazi ilishavunja mlango bila hata msanii kukusudia, au pengine alikusudia, na Krauss akautazama zaidi upande wa ndani.

Ila kazi inayonigusa kuliko zote ni ya Howardena Pindell, mwanamke mweusi wa Marekani, ya mwaka 1980, yenye dakika kama kumi na mbili: Free, White and 21. Pindell anakaa mbele ya kamera akiwa yeye, anasimulia bila kupandisha sauti ubaguzi uliompata yeye na mama yake, tangu utotoni, shuleni, kazini. Kila baada ya kisa anatokea mwanamke wa Kizungu mwenye wigi la nywele za dhahabu na miwani meusi, anayemwambia kwamba anatia chumvi, kwamba hana shukrani. Huyo naye ni Pindell, amejipaka uso rangi nyeupe. Katikati ya kazi anajizungushia kichwa chote bendeji nyeupe.

Wengi huieleza kama kazi ya kufichua ubaguzi, na ndivyo ilivyo. Mimi nasikia ndani yake wimbo wenye mwanzishaji na waitikiaji, ambapo mwanzishaji amelazimika kuitikia mwenyewe. Na kiitikio anachokijua, kile alichokisikia maisha yake yote, ni cha kumkana. Akakirudisha kwa mdomo wake, kwa sura iliyotengenezwa kwa rangi, ili wanaokisema wakisikie kikitoka kwa aliyeambiwa. Sijaona kazi nyingine inayoonyesha kwa uchungu kiasi hicho kwamba mtu hawezi kujua yeye ni nani bila jibu la wengine, na kwamba jibu hilo linaweza kuwa kipigo.

Jirani yetu Samson Kambalu, mzaliwa wa Malawi, ana njia nyepesi zaidi. Vifilamu vyake vya Nyau Cinema havifiki hata dakika moja kila kimoja. Mtu anatembea barabarani, ghafla anarudi nyuma, anacheza na picha kama mtoto. Jina amelitoa kwenye vinyago vya Wachewa. Alivipeleka mpaka kwenye maonyesho ya sanaa ya Venice, Italia, mwaka 2015. Ninachojifunza kwake ni kwamba unaweza kuchukua akili ya kinyago, ule uhuru wa kuwa asiye wewe, bila kupeleka kinyago chenyewe mbele ya kamera.

Hilo ni zito kwetu. Kila ninapoeleza kazi zangu kwa wageni hapakosi anayeuliza kwa nini sipigi video ya unyago. Mafunzo ya mwali, wanasema, yangekuwa kazi kubwa sana kuhusu utambulisho wa mwanamke. Bi Kidude wa Unguja, aliyefariki mwaka 2013, aliupeleka unyago jukwaani na dunia ikamsikiliza. Alikuwa kungwi, alijua alichokitoa na alichokibakiza. Mimi si kungwi. Na sikubaliani na imani iliyoenea katika sanaa za majaribio kwamba kila mlango uliofungwa unamwita msanii auvunje. Yapo mambo yaliyonifanya niwe mwanamke niliye, nilifundishwa nikiwa nimekaa chini mbele ya watu walioniamini, nayo yataonekana katika kazi zangu kwa namna tu ninavyokaa.

Kuna kishawishi kingine, na hiki kinatumaliza kimyakimya: kipande cha sekunde kumi na tano cha kiuno kwenye simu. Vijana wenye vipaji hapa Bagamoyo wanakata sindimba nzima, wanabakiza ile sehemu inayopata wapenzi wengi. Siwalaumu, wanatafuta riziki. Lakini maoni yaliyopangana chini ya video si kiitikio. Anayeitikia anakaa ndani ya mapigo pamoja nawe, akichelewa ngoma inaharibika, na wewe unalazimika kumngoja.

Kazi ninayoiandaa sasa ni ya mganda tena, safari hii na watu wengi. Kamera haitakaa juu ya stuli. Itakuwa mikononi mwa wachezaji wenyewe, inapokezanwa kwenye mstari, na sharti ni moja: aliyeishika ndiye anayeitikia wimbo. Kwa kuwa kipaza sauti cha simu kiko karibu na mdomo wake, tulipojaribu sauti ya mwitikiaji ilitoka kubwa, na ya mwanzishaji ikasikika kwa mbali, imepungua. Mwanzishaji wetu hakufurahi, tumebishana sana kuhusu hilo. Nimemwahidi kwamba naye atashika kamera zamu yake ikifika.

Shuka tutalitundika katikati ya ua, mbali na ukuta, ili watu wakae pande zote mbili. Shuka jepesi linapitisha mwanga, kwa hiyo wa upande wa pili wataona mkono wa kulia ukiwa kushoto na mstari ukigeukia upande usio wake. Bi mkubwa ameshaniambia atakaa upande gani. Kaka aliyeuliza kwa nini Nauman hatoki ndiye atakayepiga ngoma. Viti hatutaweka.